Mjinga ni nani kati ya mfadhili na mkazi wa Kware?

KATIKA Kiswahili cha zamani cha pwani, mjinga hakuwa lazima mtu mpumbavu. Alikuwa mgeni, hasa mtumwa aliyeletwa juzijuzi kutoka bara, asiyejua lugha wala desturi za mji. Aliyemwita hivyo ni bwana wake. Yaani ujinga ulikuwa hukumu ya mwenye nguvu.

Nimeyakumbuka haya nikisoma The Unknowers (2019), kitabu cha Linsey McGoey, mwanasosholojia wa Chuo Kikuu cha Essex, Uingereza. Anadai kwamba kutojua si pengo tu linalosubiri kuzibwa na elimu. Wenye mamlaka hukufuga kutojua wakajikinga nako dhidi ya lawama. Waswahili husema kujitia hamnazo. Mwaka 2015 McGoey alikuwa ameshauchambua wakfu wa Bill Gates katika No Such Thing as a Free Gift, na hapo ndipo hoja yake inatugusa.

Hebu tuitazame AGRA, yenye makao yake papa hapa Nairobi. Iliasisiwa mwaka 2006 kwa pesa za wakfu wa Gates na wa Rockefeller, ikaahidi kwamba kufikia 2020 ingekuwa imeongeza maradufu mapato ya mamilioni ya wakulima wadogo. Mwaka huo ulipowadia, mtafiti Timothy Wise wa Chuo Kikuu cha Tufts, Marekani, aliiomba data zake. Anasema alinyimwa. Akategemea takwimu za kitaifa za nchi 13, akakuta mavuno ya mazao makuu ya chakula yaliongezeka kwa asilimia 18 tu katika miaka 12. AGRA iliupinga utafiti huo. Lakini ahadi ya 2020 ilikuwa imeshaondolewa kwenye tovuti yake, na mwaka 2022 maneno 'Mapinduzi ya Kijani' yakaondolewa kwenye jina pia. Zimebaki herufi nne zisizofupisha chochote!

Sasa twende Kware, Embakasi. (Jina hilo halitokani na ndege, ni neno la Kiingereza la machimbo ya mawe, lililotiwa irabu.) Huku vijana wenye vishikwambi hubisha hodi: jana mlikula mara ngapi? Choo mnatumia nyumba ngapi? Ukikataa kujibu, unahofia jina lako kuachwa nje ya orodha. Huwezi kuwaambia, kama alivyoambiwa Wise, kwamba data hazitolewi. Na katika ripoti utaitwa 'mlengwa', sawasawa na yule ndege, au 'mnufaika' hata kabla hujapata kitu.

Kasoro ninayoiona kwa McGoey ni kwamba anakaa mno kwa wakubwa. Mama mmoja muuza sukuma wiki huko Kware aliniambia, "Prof, nikisema nimekula mara tatu, hao hawarudi." Huyo naye anaificha kweli, tena kwa hesabu kali. Ila yeye analinda chajio cha wanawe. Wakfu unalinda jina. Kuyaweka haya mawili kapu moja kwa sababu yote ni kuficha kutakuwa kosa la kinadharia, na pia dhuluma.

Sura ya mama huyu haiwezi kuandikiwa Essex. Wanaoweza kuiandika ni wanafunzi wetu, wale wanaoajiriwa kila likizo kubeba vishikwambi hivyo, iwapo mikataba wanayotia saini itawaruhusu kusema walichokiona.