Kupima Kikaragosi cha Mtu Mashuhuri

Mtu mashuhuri hufika kwenye kipindi cha tashtiti akiwa amekwisha kujichonga mwenyewe kwa mavazi, sauti na tabasamu. Anayemwiga hupimwa kwa jinsi anavyoonyesha mahali mchongo huo unapoachana na mwenye nao.

Mji wa Kisangani, nchini Kongo, una mfano mzuri wa kujifunzia. Zama nchi hiyo ilipoitwa Zaire, taarifa ya habari ya runinga ya taifa ilifunguliwa kwa uso wa Rais Mobutu ukishuka kutoka mawinguni. Kofia ya ngozi ya chui, fimbo ya kuchonga, miwani mizito na koti la abakosti vilikuwa sehemu ya picha aliyotaka watu waione. Mwigaji anayevaa kofia na kushika fimbo, akaishia hapo, amemrudishia picha yake tu. Fundi hutazama mkono unaoshika fimbo: hukaza vipi swali gumu linapoulizwa?

Sauti ni kipimo kigumu zaidi, na watazamaji wa Kisangani wana sikio kali. Mjini humo Kiswahili, Kilingala na Kifaransa huchanganyika katika mazungumzo yale yale, na kila kimoja kina historia yake. Kiswahili kilifika na misafara ya mfanyabiashara Tippu Tip. Kilingala kilipewa nguvu na jeshi. Na Machi 1997 majeshi ya waasi ya Laurent-Désiré Kabila, aliyezungumza Kiswahili, yaliuteka mji. Kwa hiyo kiongozi anayeigwa sharti ahame lugha pale anapohama kweli, labda Kifaransa akijikweza na Kiswahili akibembeleza. Lafudhi ikipatikana lakini mhamo ukakosewa, kazi imeharibika.

Kwa vikaragosi vya mpira, kipimo cha Afrika Mashariki ni The XYZ Show ya Gado, mchoraji katuni mzaliwa wa Dar es Salaam, iliyoanza Citizen TV ya Kenya mwaka 2009 kwa kufuata nyayo za Les Guignols de l'info ya Ufaransa. Mtangazaji wake, Keff Joinange, ameigwa kutoka kwa mwanahabari Jeff Koinange. Uamuzi huo ni wa busara kubwa, kwani muulizaji maarufu naye ana sura ya kulinda. Mdomo unaofuata silabi huja kwa mazoezi; kichwa kinachogeuka kidogo kabla ya jibu la uongo ni kipaji.

Jaribio la kwanza ni kuzima sauti, kisha kuirudisha na kufumba macho. La mwisho ni kukitazama kipindi tena baada ya mwaka: utani wa habari ya wiki ile utakuwa umechuja, na tabia iliyonaswa vyema bado itatambulika.