Kitabu Mbele ya Kichuguu: Juu ya Vitabu vya Chungu na Wadudu kwa Watoto

Katika Karagwe na Kyerwa, nchi iliyokuwa wilaya moja hata ilipogawanywa mwaka 2012, hakuna mtoto asiyejua wadudu. Mvua zianzapo huwangoja kumbikumbi, ambao wenyeji huwaita enswa, watoke katika kichuguu. Msimu wa senene ufikapo, huamka mapema kwenda kuwaokota. Siafu wakiingia nyumbani usiku, hutoka nje pamoja na wazazi wake mpaka jeshi lile limalize kupita. Basi kitabu cha wadudu kifikapo shuleni hakimkuti mjinga, chamkuta shahidi. Kwa hiyo naona yatupasa kukipima kwa maswali mawili: je, chakubaliana na yale aliyoyaona shahidi huyu? Na je, chamwonyesha yale ambayo macho yake peke yake yasingeweza kuyafikia?

Kosa la kwanza la vitabu vingi ni la majina. Waingereza waliwaita mchwa “chungu weupe”, na watafsiri wengine wamelichukua jina hilo bila kuuliza. Lakini mchwa si chungu hata kidogo. Chungu ni wa ukoo wa nyuki na nyigu. Mchwa ni wa ukoo wa mende, kama uchunguzi uliotangazwa mwaka 2007 ulivyothibitisha. Lugha zetu hazikuwachanganya: Kiswahili kina mchwa na kumbikumbi upande mmoja, na sisimizi, siafu na majimoto upande wa pili. Vivyo hivyo senene huandikwa kuwa ni “panzi” tu, kana kwamba ni ndugu wa nzige. Mtoto akimshika mkononi aona vipapasio vyake ni virefu kama nyuzi, hali vya nzige ni vifupi. Padre Mors, aliyechapisha mwaka 1958 makala juu ya senene kuwa chakula katika Buhaya, alijua kwamba mdudu huyu hawezi kutengwa na desturi za watu. Maana zamani wanawake waliwaokota na kuwapika, lakini mwiko uliwazuia wasiwale. Mtungaji asiyejua mambo haya amemwacha nje msomaji wake.

Kosa la pili ni kutanguliza mafundisho ya adili kabla ya kutazama. Sote twaijua hadithi ya kale ya Ezopo, ya mdudu mwimbaji aliye mvivu aendaye kuomba chakula kwa chungu mwenye bidii. Jean-Henri Fabre, Mfaransa aliyekuwa mwalimu wa shule kabla ya kuwa mtaalamu mashuhuri, hakuridhika nayo. Alikaa akatazama, akaona mambo kinyume: nyenje ndiye atobolaye gome la mti ili kunywa utomvu, na chungu ndio wajao kumsukuma na kumwibia kinywaji chake. Kazi yake kubwa, iliyotoka katika vitabu kumi kati ya mwaka 1879 na 1907, yafaa kusomwa na kila mwalimu, si kwa sababu wadudu wa Ufaransa ni wadudu wetu, bali kwa sababu yafundisha subira. Alipowaona viwavi wakizunguka ukingo wa chungu cha maua kwa siku saba, kila mmoja akimfuata mwenzake, hakuharakisha kutoa onyo juu ya wajinga. Kwanza aliwahesabu, akaandika saa walizotembea na saa walizopumzika.

Kosa la tatu ndilo kubwa kuliko yote, nalo ni ufalme. Karibu kila kitabu cha watoto chasema kwamba malkia huwatawala chungu, huwaamuru wafanya kazi na kuwatuma askari. Hata watu wenye kipawa walijikwaa hapa. Eugène Marais wa Afrika Kusini aliwatazama mchwa kwa miaka mingi, na kitabu chake kilichotoka kwa Kiafrikana mwaka 1934 ni kizuri mno. Lakini alimfanya malkia kuwa kama ubongo wa kichuguu chote. Maurice Maeterlinck, aliyetoa kitabu chake juu ya mchwa mwaka 1926, alishutumiwa kwamba amechukua mawazo ya Marais bila kumtaja. Naye aliandika kutokana na karatasi za wengine, si kutokana na kichuguu. Kinyume chao, Deborah Gordon alionyesha katika kitabu chake cha mwaka 1999 kwamba hakuna chungu amwamuruye mwenziwe. Kila mmoja hufuata harufu na mikutano yake na wenzake, na kazi ya wote hutengenezeka hivyo. Huyo aitwaye malkia hutaga mayai, basi. Malkia wa mchwa hutaga maelfu kwa siku, naye hafanyi hivyo peke yake. Dume wake huishi pamoja naye chumbani, jambo lisiloonekana kwa chungu.

Sisi tusomao Mithali hatukupaswa kushangaa. Sura ya sita yamwambia mvivu ajifunze kwa chungu, nayo yasema wazi kwamba mdudu huyo hana akida wala mtawala. Wako wataalamu wa nchi za baridi waliomcheka mwandishi kwa kusema kwamba chungu huweka akiba ya chakula, kwa kuwa chungu wa kwao hawakufanya hivyo. Ndipo Moggridge, mwaka 1873, akawaeleza chungu aliowaona kusini mwa Ufaransa wakibeba mbegu na kuzihifadhi ghalani. Kosa la wale waliocheka ndilo kosa la vitabu vyetu: kuwahukumu wadudu wa nchi moja kwa kuwatazama wa nchi nyingine. Nasi tusijisahau. Mtoto asikiaye kwamba mvivu aende kwa “chungu”, naye nyumbani amjua sisimizi, hufikiri ni chungu cha kupikia. Mwalimu asipomweleza, fundisho lote limepotea.

Mtu aweza kusema kwamba watoto hupenda malkia na askari, na hadithi isiyo na mfalme haisomeki. Nakubali kwamba mtoto ahitaji mfano. Lakini mfano wa mama, mwenye kuzaa bila kutawala, wamfaa kuliko wa malkia, tena ni wa kweli.

Vipo vitabu vistahilivyo sifa. Bert Hölldobler na Edward O. Wilson, waliopata tuzo ya Pulitzer mwaka 1991 kwa kitabu chao kikubwa juu ya chungu, walitoa kingine chepesi zaidi mwaka 1994 kwa ajili ya watu wasio wataalamu. Humo msomaji hujifunza jinsi majimoto washonavyo majani kwa hariri ya watoto wao, wakiwashika kinywani na kuwapitisha huku na huku kama mfumaji apitishavyo uzi. Dino Martins, Mkenya, ametunga kitabu cha mfukoni juu ya wadudu wa Afrika Mashariki, na wadudu wake ndio wa hapa. Upungufu wa vitabu hivi ni kwamba vimeandikwa kwa Kiingereza. Kazi ya kuvipa majina ya Karagwe ni yetu.

Tena kitabu tunachokingoja kwa Kiswahili kina mambo tele ya kusema. Kimweleze mtoto kwa nini uyoga humea juu ya kichuguu baada ya mvua: mchwa hulima kuvu ndani kwa chakula chao, kama baba yake alimavyo migomba. Kimwambie kwamba siafu wafanyao kazi hawana macho, na wote ni majike.

Jambo hili si dogo. Mtoto akilazimishwa kusadiki kitabu kinachopingana na alichokiona, hupatwa na moja la mawili: ama huacha kuyaamini macho yake, ama huacha kuviamini vitabu, pamoja na kile kilimo chungu wa Mithali. Kwa hiyo, mwalimu mwenzangu, mvua zijazo uwachukue watoto mpaka kwenye kichuguu, na kitabu mkononi. Wasome mstari, watazame, waandike waliyoyaona kwa majina ya kwao. Palipo na hitilafu, usiwaambie haraka kwamba wao ndio waliokosea.