Mashine Haimngoji Aliyeachwa

Shada ulonitungia, mwenyewe umelitupa,
Jioni lilinukia, asubuhi ni la pipa,
Leo nani wamtia uzi ule ulonipa?

Ubeti huu nimeutunga mwenyewe. Nilitaka kuupasua wimbo wa kuachwa nione matumbo yake, na sikuona adabu kupasua wimbo wa mtu mwengine. Nikatunga wangu, nikapanda gari ya Wete, nikampelekea mpiga kinanda ninayemwamini. Alikuwapo pia binti anayeimba naye harusini. Fundi aliusoma mara moja kimya, mara ya pili akigonga kidole mezani. Akasema, "Maalim, umetimia. Lakini kutimia si kuliza."

Kutimia kwake ni hesabu. Kila mshororo una mizani 16, nane za ukwapi na nane za utao. Vina vya kati vyote ni "ia", vya mwisho vyote ni "pa". Beti za namna hii, za mishororo mitatu, ndizo zilizobeba nyimbo nyingi za taarab ya visiwa hivi tangu zamani. Kisiwani Pemba kipimo hiki kina wenyewe. Kamange na Sarahani walitunga hapa katika karne ya 19 hadi mwanzoni mwa ya 20, na Kamange hasa hukumbukwa kwa mashairi yake ya mapenzi. Tungo zao zilichapishwa mwaka 2011 na Mkuki na Nyota, katika kitabu kilichohaririwa na Abdilatif Abdalla. Ukiwasoma utaona kwamba mtu aliyekataliwa hakuanza kuomboleza ulipokuja umeme.

Ila umeme umefanya jambo, na jambo hilo ndilo lililonipeleka Wete.

Taarab ya zamani, ya vikundi kama Ikhwani Safaa kilichoanzishwa Unguja mwaka 1905, ilikuja kukaa juu ya watu wengi: fidla, udi, ganuni, nai, akodiani, dumbaki, rika. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 vikundi kama East African Melody, na kwa upande wa bara Tanzania One Theatre, vikaiweka taarab juu ya kinanda cha umeme, gita la besi, gita la solo na mdundo wa mashine. Watu wakaiita taarab ya kisasa, au rusha roho. Kwetu kulikuwa na sababu nyepesi pia ya kuipenda: kinanda kimoja hushuka botini Mkoani begani mwa kijana mmoja. Na tangu mwaka 2010, ulipofika waya wa umeme wa chini ya bahari kutoka Tanga, hatukutegemea tena majenereta ya dizeli peke yake.

Sasa sikiliza kilichobadilika ndani. Katika jukwaa la zamani mwimbaji akichelewa, fidla humngoja. Mpiga dumbaki anamtazama mdomo. Akivuta pumzi ndefu, naye hupunguza mkono. Wimbo mzima hupumua pamoja naye. Mashine haina macho. Ukishaibonyeza kwa mapigo 100 kwa dakika, kila pigo lina sekunde 0.6, awepo mtu au asiwepo. Mwimbaji akichelewa ameachwa. Simaanishi mafumbo hapa, ni saa tu: mdundo umekwenda na yeye yuko nyuma.

Kwa maoni yangu hapa ndipo taarab ya kinanda ilipopata nguvu ambayo wanaoilaumu hawajaisikia. Wazee wengi husema mashine imeua hisia. Mimi naona mashine imempa mwimbaji wa kuachwa kitu ambacho fidla, kwa upole wake, haikuweza kumpa: mtu asiyemjali.

Fundi alinionesha kwa mkono. Aliweka mdundo, akamwambia binti, "Bibie, ingia pale pale." Binti akaimba ukwapi wa kwanza kila mizani juu ya nusu ya pigo, sekunde 0.3 kila moja. Mizani nane, sekunde 2.4. Ulikuwa safi, mithili ya mtoto anayesoma ubao wa chuo, na haukugusa mtu. Kisha fundi akasema, "Sasa usitake kuingia." Binti akaacha pigo zima lipite. Akaanza "Sha-da-u" kwa mwendo ule ule wa awali, kama mtu asiyetaka kuendelea. Zimekwenda mizani tatu, na kati ya sekunde zake 2.4 zimebaki 0.9. Akazimimina "lo-ni-tu-ngi-a" kwa pamoja, tano, kila moja chini ya sekunde 0.2, na "a" ya kina ikatua sawasawa na mashine.

Nilisisimka. Mwendo ule, polepole halafu kwa haraka, ndio pumzi ya mtu anayelia. Aliaye huzuia, huzuia, kisha maneno humtoka kwa mkupuo. Na umuhimu wa mizani unaonekana hapo hapo. Msikilizaji wa Kipemba anazo nane kichwani tangu hajajua kusoma. Mwimbaji akichelewa, msikilizaji anajua amechelewa kwa kiasi gani na anajua ni wapi lazima afike. Kina ni bandari. Ubeti usiotimia haumpi mtu huyo bandari, na kuchelewa kwa mwimbaji kunakuwa makosa tu. Ndiyo sababu nikisikia wimbo mpya ambao mtunzi wake ametupa mizani kwa kisingizio cha usasa, nahuzunika kikweli. Amebaki na mashine bila kipimo cha kushindana nayo.

Ulaya nao walipita njia ya jirani. Mwaka 1981 kikundi cha Uingereza, The Human League, kilitoa albamu ya Dare, iliyotengenezwa kwa sintesaiza na mashine ya ngoma ya Linn LM-1, na ndani yake mna "Don't You Want Me", wimbo wa mwanamume anayedai kwamba yeye ndiye aliyemwinua mwanamke aliyemwacha. Mdundo wake ni ule ule usiogeuka nyuma. Na mzaliwa wa Unguja wa mwaka 1946, Farrokh Bulsara, ambaye dunia inamjua kwa jina la Freddie Mercury, alitoa mwaka 1984 wimbo wa "Love Kills" pamoja na Giorgio Moroder, bingwa wa besi ya mashine. Lakini katika wimbo wa The Human League mwanamke hupewa ubeti wake, akajibu humo humo. Kwetu jibu haliwekwi ndani ya wimbo. Jibu hutoka kwa kikundi kingine, kama ilivyokuwa miaka ya 1990 baina ya waimbaji Khadija Kopa na Nasma Khamis, au hutoka ukumbini, kwa njia nitakayoieleza.

Turudi kwenye kinanda, maana kuna shida ambayo mashine haikuitatua vizuri. Kinanda cha kawaida kimegawa sauti kwa nusu: nusu 12 mpaka urudi pale ulipoanzia. Makamu za Kiarabu ambazo taarab imezirithi, kama rasti na bayati, zinataka sauti inayokaa katikati ya nusu mbili. Mpiga fidla husogeza kidole kidogo tu, kazi imekwisha. Vinanda vilivyotengenezwa kwa soko la Kiarabu, na Yamaha na Korg wanavyo, hukuruhusu kuishusha noti kwa senti 50, yaani robo ya sauti nzima. Sawa. Ila gita la besi lina vyuma vilivyogawa shingo yake, na vyuma havishuki. Kinanda kikisema robo, besi ikasema nusu, utasikia mgongano unaoumiza meno. Fundi ana dawa mbili. Ya kwanza ni kumkataza mpiga besi kuigusa noti ile kabisa. Ya pili, inayotumiwa zaidi, ni kuikimbia bayati na kuingia hijazi, ambayo nusu zake na lile pengo lake la sauti moja na nusu vinakaa kwenye kinanda chochote. Nadhani ndiyo maana nyimbo nyingi za kuachwa za siku hizi zina rangi moja. Hijazi ni nzuri, ina kilio. Lakini bayati ina kilio cha mtu mzima, kilichotulia, na naiona inatutoka mikononi kwa sababu ya vyuma vya gita. Hilo linaniuma.

Kuna kifaa kingine, kidogo, upande wa kushoto wa kinanda: gurudumu la kupindia sauti. Mkono wa kulia unapiga, wa kushoto unapinda. Wapigaji wasiozoea huchagua sauti ya fidla, wakaipiga kama piano, kila noti ikafunguka kwa kishindo. Fidla ya kweli haifunguki hivyo. Upinde huanza kwa kusita, sauti ikajaa, na mtetemo huja mwisho. Fundi alikwenda ndani ya mipangilio akaichelewesha sauti kufunguka, akauchelewesha na mtetemo, kisha akaijibu "lonitungia" ya binti kwa noti moja tu, akiianzia chini kidogo na kuipandisha kwa gurudumu. Noti moja. Sijaona jibu bora. Kinanda kikijibu kwa noti 10 kinajionesha chenyewe, na aliyeachwa anasahauliwa mara ya pili.

Sasa maneno. Kwa nini shada, na si ua? Mjini vijana husema kupigwa chini, kupigwa kibuti, kutemwa. Pemba "kuachwa" si maneno ya mchezo: mke aliyeachwa ni mke aliyepewa talaka, pana kadhi na pana eda. Wimbo ukisema "umeniacha" waziwazi, umeshapeleka mtu mahakamani. Shada la asumini linafanya kazi hiyo kwa heshima. Hutungwa jioni, huvaliwa usiku, na kila mtu ukumbini anajua huvaliwa kwa ajili ya nani. Ukisema limetupwa asubuhi umesema ndoa, umesema usiku, umesema na kuvunjika, na hukumtaja mtu. Profesa Said Ahmed Mohamed, Mpemba aliyetuandikia riwaya ya Utengano, aliandika mwaka 2002 juu ya jinsi mashairi ya taarab yanavyozidi kufunguka. Hofu ya uwazi huo naielewa. Fumbo lina faida yake ya kiufundi: ni kubwa kuliko tusi, linaingiza watu wengi zaidi.

Na lugha yenyewe imelisaidia. "Ulonitungia" haisemi kama ni mume au mke. "Lilinukia" linafuata shada, si mtu. Katika ubeti wote hakuna neno linalomtenga mwanamume au mwanamke, kwa hiyo yeyote anaweza kuuvaa. Ndipo jibu la ukumbini linapokuja. Mama mmoja anainuka kutoka safu ya nyuma na noti yake ya fedha mkononi, anacheza polepole mpaka mbele, anamtunza mwimbaji pale pale kwenye "asubuhi ni la pipa", na njiani amempitia mtu mmoja karibu zaidi kuliko ilivyohitajika. Wimbo sasa ni wake. Kila mtu ameelewa. Akija mwengine, ni wake naye.

Hili humlazimisha fundi kuujenga wimbo unaoweza kurefushwa. Hajui watakuja watunzaji watatu au 30. Kwa hiyo baada ya kila ubeti huacha kipande cha mapigo manane kinachoweza kurudiwa bila kuchosha, na mwisho wa kipande hicho haufungi. Haurudi kwenye noti ya nyumbani, unaning'inia juu yake, ili mwimbaji akiitwa kurudia mshororo mlango uwe wazi. Wimbo wa dakika tano unaweza kufika 15 hivyo. Nilimuuliza, mbona usiufunge angalau mwishoni kabisa? Akanitazama kama niliyeuliza swali la mtoto. "Maalim, aliyeachwa umemwona lini amemaliza?"

Tukaurekodi ubeti kwa simu, jua likiwa limeshaelekea magharibi na karafuu za jirani zikiondolewa juani. Mara mbili za mwanzo binti aliiharakisha "wamtia", akaisema mizani tatu: "wam-ti-a". Fundi alisimamisha mashine. Ile "m", akamwambia, ni mizani kamili, ina haki yake. Nyuma yake amejificha yule mwengine, huyo anayevishwa sasa. Ukiimeza umemficha mtu tunayemtafuta.

Mara ya tatu binti aliingia amechelewa pigo zima, kama alivyofunzwa. Alipofika hapo akafunga midomo na kuiacha "m" ilie puani, ndefu, huku mashine ikizidi kwenda zake, pigo, na pigo jengine, na mkono wa kushoto wa fundi ukiwa juu ya gurudumu, haujagusa kitu.