Mapenzi Yaliyovuka Bahari

Filamu ya Mississippi Masala, iliyoongozwa na Mira Nair mwaka 1991, yatuhusu sana sisi tukaao Nyakato, kwani inaanzia Kampala, mji ulio ng'ambo ya ziwa letu. Ni mwaka 1972, Idi Amin amewapa Waasia siku 90 waondoke Uganda. Jay, mwanasheria mwenye asili ya Kihindi, aambiwa na Okelo, rafiki yake wa utotoni, kwamba Afrika ni ya Waafrika weusi. Aondoka kwa uchungu pamoja na mkewe na binti yao Mina.

Baada ya miaka, huko Mississippi, Mina ampenda Demetrius, Mmarekani mweusi asafishaye mazulia. Wahindi wenzake walikwisha kumwambia kijana huyo kwamba wasio weupe wote ni ndugu. Lakini walisema hivyo kwa kuogopa kushtakiwa. Undugu ulipogeuka mapenzi, waliukana. Benki nayo ikamtisha kijana kwa mkopo wake. Basi mila za Kihindi zilimfungia Mina mlango, na nchi za Magharibi hazikumfungulia. Hapo mtunzi amesema kweli, naye astahili sifa.

Hata hivyo, tunauliza: kwa nini tamaa hii ya moyo ilibidi ivuke bahari ndipo itamkwe? Kampala ya filamu ni bustani na kumbukumbu tamu. Kilichowatenga watu kabla ya Amin hakionekani vya kutosha. Sisi wa Mwanza twakijua. Serikali ya kikoloni ilitenga shule na hospitali kwa rangi. Mkulima wa pamba alikutana na mfanyabiashara wa Kihindi penye mizani, na manung'uniko ya mizani hiyo yalisaidia kuzaa vyama vya ushirika, vilivyoungana katika Shirikisho la Victoria mwaka 1955. Watu wakutanao penye mizani tu hujuana bei, hawajuani nyoyo.

Na bado lugha yetu ilikwisha kupokea duka, gari na chapati bila posa wala mahari. Iliyowezekana kwa maneno yangaliwezekana kwa watu.

Mwishoni Jay arudi Kampala, apata habari kwamba Okelo alikufa, kisha ampakata mtoto wa Kiafrika barabarani. Filamu yaishia pale ambapo hadithi yetu ingepasa kuanza. Watunzi wa Kiswahili waiandike, na wapenzi wake wakae papa hapa, kando ya ziwa.