Maji ya Kinjeketile

Nilipousoma kwanza mchezo wa Kinjeketile wa Ebrahim Hussein, nilimwona shujaa tu. Leo nabishana naye. Gerezani anakataa kuikana dawa ya maji, ili Mjerumani asipate kusema kwamba kuipigania nchi kulikuwa kosa. Mwaka 1969, miaka 8 baada ya Uhuru, jibu hilo lilitutosha.

Lakini mchezo unaanza na wanawake wawili wakizungumzia njaa. Katika Vita vya Majimaji, 1905 hadi 1907, Wajerumani walichoma mashamba na maghala. Njaa ikaua wengi kuliko risasi. Neno la Kinjeketile limebaki. Wale mama walipika nini? Mwandishi hakutuambia, nasi hatukuuliza.