Kunku: Sinema ya Kimarathi na Neno la Ridhaa

Kunku ni rangi nyekundu ambayo mke wa Kihindu katika nchi ya Wamarathi hutia katika paji la uso maadamu mumewe yu hai. Kwa desturi ya zamani, akifiwa huifuta. Ndilo jina la sinema iliyotolewa mwaka 1937 na Prabhat Film Company ya Pune, chini ya uongozi wa V. Shantaram, nayo yafuata riwaya ya Narayan Hari Apte.

Neera, msichana yatima, aozwa kwa hila na jamaa waliomlea. Mume ni wakili mzee aliyefiwa na mkewe, mwenye watoto wazima tayari. Binti hatoroki, bali akataa katakata kuwa mke wake. Kwa lugha yetu mwanamume aoa na mwanamke aolewa. Neera ni mtu aliyekataa kutendewa, na Shanta Apte amemwigiza kwa ukali usioomba huruma.

Jambo lililotugusa kupita yote ni saa ya ukutani. Shantaram hakutaka muziki wa kuigiza huzuni kutoka mahali pasipoonekana. Hata nyimbo zimo ndani ya mambo ya nyumba yenyewe. Basi katika kimya kile twaisikia saa, na mzee naye aisikia, ikimhesabia siku zake.

Mwisho hatukuridhika nao. Mzee atubu, ajiua, na kumwachia Neera barua ya kumfungua. Twaelewa sababu yake: mjane wa Kihindu aliruhusiwa na sheria kuolewa tena tangu 1856, lakini talaka katika sehemu kubwa ya Uhindi ilingoja hadi 1955. Mlango ulikuwa mmoja tu, mauti. Hata hivyo machozi yetu yahamia kwa mzee aliyekosa, na binti aliyejitetea muda wote apewa uhuru wake kama sadaka.

Nasi tulio walimu tusiwahukumu Wahindu upesi. Tumeandika majina mengi katika kitabu cha ndoa. Padre auliza, binti ainamisha kichwa, twaandika kwamba amekubali. Mmoja tuliyemwandika hivyo alirudi kwa mama yake kwa miguu baada ya miezi michache. Wazee wa kanisa walimhimiza arudi kwa mumewe. Hakuna aliyemwuliza kama siku ile alisema neno lolote, na sisi tuliokuwa tumeshika kalamu hatukumwuliza.