Andie Alijiamini, Blane Je?

Pretty in Pink ni filamu ya Marekani ya mwaka 1986, ya kabla wengi wetu hatujazaliwa. Aliyeiandika ni John Hughes, aliyeiongoza ni Howard Deutch. Juzi tuliionyesha kituo cha vijana na mwisho wake ulipigiwa makofi. Mimi sikupiga. Hadithi ni nzuri sana, ndiyo maana mwisho wenyewe unaniuma.

Andie (Molly Ringwald) anaishi na baba asiye na kazi. Nguo anashona mwenyewe, viatu anavaa vya mtumba, na matajiri wa shule wanamcheka. Blane, mtoto wa kitajiri, anampenda. Lakini siku ya kwanza wakitoka pamoja, Andie anakataa kupelekwa nyumbani. Hataki Blane aone anapoishi. Hapo filamu imesema kweli tupu. Hapa kambini nani hamjui dada anayeshuka boda kule barabarani, ili mshikaji wa mjini asione turubai?

Baadaye marafiki wa Blane wanamsema, naye anapoa. Simu za Andie hajibu. Halafu anadanganya eti alishaahidi kumpeleka msichana mwingine kwenye dansi la shule. Angalieni vizuri: aibu ya Andie haikuvunja kitu, iliyovunja ni ya Blane. Na Steff, rafiki wa Blane anayemdharau Andie kuliko wote, ndiye huyo huyo aliyemtaka akakataliwa. Yaani dharau nyingine ni hasira tu ya kunyimwa.

Sasa gauni. Baba analeta gauni la pinki, rafiki yake Iona anampa lake la zamani, Andie anayakata yote mawili na kushona moja. Kituoni watu walicheka, eti mabega yako wapi. Nakubali, halijapendeza sana. Lakini anaingia nalo ukumbini bila kuazima sura ya tajiri. Fundi cherehani yeyote wa soko letu ataelewa: nguo ya kuunga haihitaji kuombewa radhi.

Kisha Blane anaomba msamaha kwa maneno machache, na Andie anamkimbilia nje kwenye magari. Mwanzoni haikuwa hivyo. Andie alimalizia na Duckie, rafiki yake maskini. Watazamaji wa majaribio hawakupenda, mwisho ukapigwa upya. Sisemi Duckie ndiye anayemfaa. Naye anamfuata kama vile kupenda muda mrefu ni deni analodai. Nasema Blane amesamehewa bei rahisi mno. Usiku wa dansi anamjibu Steff, sawa, lakini mchana pale shuleni, watu wakiona, alidanganya. Mwaka 1987 Hughes na Deutch walirudi na Some Kind of Wonderful, na safari hii kijana Keith anamchagua rafiki yake Watts. Naona ule mwisho wa kwanza ulikuwa bado unawadai.

Dada zangu, swali siyo kama anakupenda. Muulize kama atatembea na wewe sokoni siku ya mgao, watu wakiwa wamejaa. Na ndugu zetu wa mashirika, mnawapa wasichana semina nyingi za kujiamini, asanteni. Ila Andie alikuwa anajiamini tayari. Semina ilimhusu Blane.